Beri Sokoni: Mambo ya Kujua Kabla ya Kununua Miche

SOMO LA MKULIMA: MBEERE KASKAZINI

Kwa muda sasa picha za stroberi nyekundu na blueberi za samawati zimekuwa zikizunguka kwenye simu za wakulima. Mara nyingi huja na ahadi: kipande kidogo cha shamba, miche michache, kisha pesa nyingi kutoka kwa hoteli za Nairobi au soko la Ulaya. Kwa mkulima wa Siakago anayetegemea ndengu, maembe na muguka, ahadi hiyo ina mvuto. Mwezi Mei 2024, kaunti za Mombasa na Kilifi zilipiga marufuku muguka kabla ya Mahakama Kuu mjini Embu kuisimamisha amri hiyo kwa muda. Katika siku hizo chache, familia nyingi za Mbeere zilijionea jinsi tegemeo la zao moja linavyoweza kuyumba. Kutafuta zao la pili ni jambo la busara.

Hata hivyo, pesa za kununulia miche hutoka mahali: karo ya mtoto, mkopo wa chama, au mbuzi aliyeuzwa sokoni. Wakenya wengi wanakumbuka kware. Kati ya mwaka 2013 na 2014 watu walikimbilia kufuga ndege hao na kununua vifaranga kwa bei ya juu. Baadaye mayai yalikosa wanunuzi na vizimba vikabaki vitupu. Waliopata faida hasa ni wale waliouza vifaranga mwanzoni. Mkulima anayefikiria kuingia kwenye beri anafaa kujiuliza kama anayemshawishi anauza matunda au anauza miche.

Somo hili linaeleza beri ni nini, zinalimwa na kuuzwa vipi duniani na nchini Kenya, na zipi zinaweza kufaa katika wadi za Nthawa, Muminji na Evurore. Jambo kuu la kukumbuka ni kwamba beri humlipa mkulima mwenye vitu vitatu kwa pamoja: maji ya uhakika, baridi ya kutunza tunda baada ya kuchumwa, na mnunuzi anayejulikana kabla ya kupanda.

Beri ni tunda gani?

Sokoni, jina beri hutumika kwa matunda madogo, laini na yenye maji: stroberi, rasiberi, blakiberi, blueberi, na hata forosadi. Wakulima wa nyanda za juu za Embu na Meru wanaijua pia nathi, lile tunda dogo la manjano linalokua ndani ya ganda jembamba kama karatasi.

Wataalamu wa mimea wana maana nyingine. Kwao, beri ni tunda laini linalotokana na ovari moja ya ua na lenye mbegu ndani ya nyama yake. Kwa kipimo hicho, stroberi na rasiberi si beri kamili. Walio ndani ya ukoo huo ni ndizi, nyanya, zabibu, pera, papai, pesheni na avokado. Tikitimaji pia limo, kama aina ya beri yenye ganda gumu. Kahawa nayo huitwa beri katika biashara, ndiyo maana ugonjwa unaoozesha matunda yake, uliotambuliwa nchini Kenya mwaka 1922, unajulikana kwa herufi CBD, ambapo B ni ya beri. Lakini kwa wataalamu wa mimea tunda la kahawa liko kundi moja na embe, lenye kokwa.

Tofauti hii ina faida kwa mkulima wa Mbeere. Anayesikia kwamba beri zina soko hana haja ya kufikiria stroberi peke yake. Tayari anazijua beri kadhaa zinazostahimili joto la Siakago, na baadhi huenda zimo uani kwake.

Dunia inalima na kuuza vipi

China ndiyo inayolima stroberi nyingi zaidi duniani, ikifuatwa na Marekani. Sehemu kubwa ya mavuno hayo huliwa ndani ya nchi hizo. Katika biashara ya kimataifa, Uhispania ni jina kubwa. Stroberi zake nyingi hutoka mkoa mmoja wa kusini, Huelva, na husafirishwa kwa malori yenye majokofu hadi Ujerumani, Ufaransa na nchi nyingine za jirani. Serbia na Poland zinajulikana kwa rasiberi, ambazo nyingi hugandishwa kwanza ndipo ziuzwe kwa viwanda vya jemu na maziwa ya mtindi.

Barani Afrika, Misri ndiyo inayoongoza kwa stroberi, na ni muuzaji mkubwa wa stroberi zilizogandishwa. Moroko huuza blueberi na rasiberi Ulaya, ikisaidiwa na ukaribu wake na Uhispania. Afrika Kusini ilianza mapema kuuza blueberi nje, na Zimbabwe imepanua kilimo hicho kwa haraka.

Hadithi ya Peru ndiyo inayotajwa sana na wanaowavutia wakulima wa maeneo makavu. Mwaka 2010 nchi hiyo ilikuwa karibu haina blueberi za kuuza. Kufikia mwaka 2020 mauzo yake ya nje yalikuwa yamepita dola bilioni moja za Marekani, na Peru ikawa kinara wa dunia. Mashamba yenyewe yako jangwani, kwenye pwani ya Bahari ya Pasifiki, mahali ambapo mvua ni haba kuliko Mbeere.

Hadithi hiyo ni ya kweli, lakini haijakamilika bila kutaja mifereji. Kabla ya blueberi kupandwa, serikali ya Peru na wawekezaji walitumia miaka mingi na fedha nyingi kuyaleta maji ya milima ya Andes hadi jangwani, kupitia miradi mikubwa kama Chavimochic na Olmos. Walioingia wengi ni makampuni makubwa yenye mabomba ya matone, vyumba vya baridi na mikataba ya wanunuzi. Hata hao, mwaka 2023, mavuno yao yalishuka sana pale joto la El Niño lilipovuruga utoaji wa maua. Jangwa lilizaa matunda kwa sababu ya maji, mtaji na utaalamu.

Mfano ulio karibu zaidi na hali ya Mbeere uko nchini Tanzania. Dodoma ni eneo kame, na huko wakulima wadogo wamelima zabibu kwa miongo mingi. Zabibu ni beri kamili, huvumilia ukavu, na Dodoma huvunwa mara mbili kwa mwaka. Kituo cha utafiti cha Makutupora kimekuwa kikiwasaidia wakulima kwa mbegu na mafunzo. Tatizo lao la mara kwa mara limekuwa soko: viwanda vya mvinyo vikiwa vimejaa, zabibu hukaa shambani bila mnunuzi. Dodoma imeonyesha kwamba eneo kame linaweza kuzaa beri, na kwamba kuzaa ni nusu tu ya safari.

Kenya iko wapi katika biashara hii

Matunda makubwa ya Kenya ni ndizi, maembe na avokado. Stroberi, rasiberi na blueberi ni kiasi kidogo mno kikilinganishwa na hayo. Stroberi hulimwa hasa na wakulima wadogo wa maeneo yenye ubaridi, kama Kiambu, Nakuru, Nyeri na sehemu za Meru. Nyingi huishia kwenye maduka makubwa, hoteli, waokaji wa keki na wauzaji wa juisi humu nchini. Blueberi ni ngeni zaidi. Kampuni ya Kakuzi ya Makuyu, Murang'a, inayojulikana kwa avokado na makadamia, ni miongoni mwa wachache waliozijaribu kibiashara.

Soko la ndani lipo, lakini lina washindani. Mnunuzi wa Nairobi anaweza kupata blueberi za Afrika Kusini dukani. Anayetengeneza mtindi au aiskrimu anaweza kuagiza stroberi zilizogandishwa kutoka Misri, nchi ambayo ni mwanachama wa COMESA kama Kenya, na bidhaa zake zinazotimiza masharti ya soko hilo huingia bila ushuru. Mkulima wa hapa basi hashindani na jirani yake pekee.

Kwa upande wa soko la nje, mlango uko wazi kuliko wengi wanavyodhani. Mkataba wa ushirikiano wa kiuchumi kati ya Kenya na Umoja wa Ulaya ulianza kutumika tarehe 1 Julai 2024, na unaruhusu mazao ya Kenya kuingia bila ushuru wala kiwango cha juu. Uingereza ina mkataba wake na Kenya tangu mwaka 2021. Kinachowazuia wakulima wengi ni ubora, usafirishaji na karatasi, mambo ambayo mkataba hauyaondoi.

Avokado ni mwalimu mzuri wa jambo hili, maana nayo ni beri. Kenya ni miongoni mwa wauzaji wakubwa wa avokado barani Afrika. Mwaka 2022 China iliruhusu avokado mbichi za Kenya kuingia, baada ya miaka kadhaa ya mazungumzo na ukaguzi. Avokado hukomaa mtini lakini hulainika baada ya kuchumwa, na ikiwekwa kwenye baridi huvumilia wiki kadhaa. Kwa hiyo husafiri kwa meli kutoka Mombasa, kwa gharama ndogo kwa kila kilo. Hata hivyo, kila mwaka serikali hufunga uvunaji wa aina za Hass na Fuerte kwa muda ili matunda machanga yasiharibu jina la nchi.

Stroberi haina subira hiyo. Ikichumwa haiivi zaidi, kwa hiyo lazima ichumwe ikiwa imeiva. Ikiachwa kwenye joto huanza kulainika na kuota ukungu ndani ya siku moja au mbili. Ikipozwa haraka hadi karibu nyuzi sifuri za selsiasi, hudumu takriban wiki moja. Wiki moja haitoshi kwa meli ya kwenda Ulaya, kwa hiyo hubaki ndege za mizigo, na nauli ya ndege hula sehemu kubwa ya bei.

Baridi na karatasi

Safari ya tunda kutoka Siakago huanza kwa barabara hadi mji wa Embu, kisha zaidi ya kilomita 120 hadi Nairobi. Tunda laini lililobebwa saa nane mchana nyuma ya bodaboda, kwenye kreti bila kivuli, limepoteza thamani kabla halijafika Embu. Wakulima wenye mazoea ya kazi hii huchuma alfajiri, hupanga matunda moja kwa moja kwenye vikasha vya kuuzia ili yasishikwe mara mbili, na huyaingiza kwenye baridi ndani ya saa chache. Chumba cha baridi huhitaji umeme usiokatika ovyo. Mkulima mmoja mwenye kitalu kidogo hawezi kukigharamia peke yake, lakini kikundi au chama cha ushirika kinaweza.

Karatasi nazo ni sehemu ya zao. Anayeuza matunda nje anahitaji leseni kupitia Kurugenzi ya Mazao ya Bustani, HCD, iliyo chini ya Mamlaka ya Kilimo na Chakula, AFA. Kila shehena hukaguliwa na KEPHIS, inayotoa cheti cha afya ya mimea. Kuna kiwango cha kitaifa cha KS 1758, ambacho sehemu yake ya pili inahusu matunda na mboga. Wanunuzi wengi wa Ulaya hudai pia cheti cha GLOBALG.A.P. Vyote hivi vinamtaka mkulima aandike: amepanda lini, amenyunyizia dawa gani, kiasi gani, na amevuna siku ngapi baadaye.

Wakulima wa Mbeere hawahitaji kwenda mbali kuona uzito wa masharti haya. Mwaka 2014 Kenya ilijisimamishia yenyewe uuzaji wa maembe katika Umoja wa Ulaya kwa sababu ya nzi wa matunda. Mwaka uliotangulia, Ulaya ilikuwa imeongeza ukaguzi wa mishiri na njegere kutoka Kenya baada ya mabaki ya dawa kupatikana. Mdudu mmoja au chupa moja ya dawa isiyofaa inaweza kuwafungia mlango maelfu ya watu ambao hawakukosea.

Hesabu ya mitungi

Stroberi hupenda ubaridi wa nyuzi 15 hadi 25, udongo usiotuama maji na wenye asidi kidogo, pH kati ya 5.5 na 6.5. Mizizi yake iko juu juu, kwa hiyo haivumilii kiu. Blueberi ni ngumu zaidi: inataka udongo wenye asidi kali, pH kati ya 4.5 na 5.5, na ndiyo maana wengi huilima kwenye vyungu vilivyojazwa mboji maalum. Aina nyingi bora za blueberi pia zina haki za wagunduzi, na Kenya imo katika mkataba wa kimataifa unaozilinda tangu mwaka 1999. Kuzizalisha bila idhini ni kosa.

Siakago iko katika eneo la chini na lenye joto la kaunti, mvua zikija kwa misimu miwili, Machi hadi Mei na Oktoba hadi Desemba. Kati ya misimu hiyo, maji hununuliwa au kufuatwa mbali. Hapa ndipo hesabu inapostahili kufanywa kwa kalamu. Bei zilizo hapa chini ni za mfano tu. Kila mkulima aweke za kwake.

Chukua kitalu cha mita 10 kwa mita 10. Baada ya kuacha njia, matuta yake hubeba takriban miche 600 ya stroberi. Mche ukiuzwa shilingi 30, gharama ya miche peke yake ni shilingi 18,000. Wakati wa joto, kitalu hicho huhitaji kati ya lita 300 na 500 za maji kwa siku, hata kwa mabomba ya matone. Hiyo ni mitungi 15 hadi 25 ya lita 20. Mtungi ukinunuliwa shilingi 10, mitungi 15 ni shilingi 150 kwa siku. Stroberi huanza kuzaa kati ya siku 75 na 90 baada ya kupandikizwa. Kwa siku 90 maji yamekula shilingi 13,500, na hakuna tunda hata moja lililouzwa. Kiangazi kikipandisha mtungi hadi shilingi 20, ni shilingi 27,000, zaidi ya bei ya miche.

Sasa upande wa mavuno. Kila mche ukizaa gramu 300 kwa msimu, kitalu kitatoa kilo 180, sawa na vikasha 720 vya gramu 250. Mavuno yakienea kwa wiki 12, ni vikasha 60 kila wiki. Swali la kujibu kabla ya kuchimba tuta la kwanza ni hili: nani Siakago, Ishiara au Embu mjini atanunua vikasha 60 kila wiki, kwa wiki 12 mfululizo, kabla havijaoza? Mkulima mwenye jibu, lenye jina la hoteli au duka na bei waliyokubaliana, ana biashara. Asiye na jibu ana picha kwenye simu.

Wakulima wa maeneo ya juu ya kaunti, kuelekea Manyatta na Runyenjes, wana nafasi nzuri zaidi kwa stroberi kwa sababu ya ubaridi na mvua. Anayetaka kujaribu Siakago aanze na miche 20 au 30 chini ya kivuli cha wavu, yenye matandazo ya nyasi, aone inavyostahimili kiangazi kimoja. Kila mche hutoa mashina yanayotambaa na kuotesha miche mipya, kwa hiyo jaribio dogo likifaulu, miche ya kupanua haina haja ya kununuliwa tena.

Beri zinazoifaa Mbeere

Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao. Kabla ya kwenda kwa matunda ya ugenini, kuna beri tatu zinazostahili kuangaliwa kwa makini.

Ya kwanza ni pesheni ya manjano. Pesheni ya zambarau hupenda maeneo ya juu, lakini ya manjano huvumilia joto. Watafiti wa KALRO wametoa aina tamu za manjano zinazoitwa KPF 4, KPF 11 na KPF 12, zinazofaa maeneo ya chini. Mimea husimikwa kwa nguzo na waya, na ikipandwa kwa nafasi ya mita 2 kwa 3 eka moja huchukua zaidi ya miche 600. Tunda lake lina ganda linalolinda nyama, kwa hiyo halihitaji haraka kama ya stroberi, na viwanda vya juisi hulinunua hata kama si la kupendeza macho. Maadui wake wakubwa ni mnyauko unaotoka udongoni na virusi vinavyogeuza tunda kuwa gumu kama mti. Miche safi na visu vilivyosafishwa kabla ya kupogoa ni kinga ya kwanza.

Ya pili ni papai, ambalo tayari linajulikana vizuri Mbeere. Hupenda joto, huzaa ndani ya mwaka mmoja, na soko lake la ndani ni pana kuliko la beri yoyote ya kigeni. Linachukia maji yanayotuama. Tangu mwaka 2016, mdudu mweupe wa papai aliyeingia nchini kupitia Pwani amewasumbua wakulima wengi. Anaonekana kama unga mweupe chini ya majani na kwenye matunda. Kunyunyizia dawa kali kiholela huua pia nyigu wadogo ambao ni adui wake wa asili, na tatizo huongezeka.

Ya tatu ni tikitimaji. Hukomaa kwa takriban siku 75 hadi 90, huvumilia safari ya lori, na hununuliwa wakati wa joto. Kasoro yake ni kwamba wakulima wengi hupanda kwa wakati mmoja mvua inapoanza, na wote hufika Marikiti wiki ile ile. Mwenye maji ya mto au kisima anaweza kupanda ili avune nje ya msimu huo, na hapo ndipo bei huwa upande wake.

Zipo pia beri zisizohitaji gharama. Mpera na mzambarau ukipandwa mpakani mwa shamba hutoa kivuli, chakula cha watoto na cha nyuki. Matunda ya mzambarau huuzwa kwa vikombe msimu wake ukifika, na hakuna anayeunyunyizia dawa.

Kinacholiwa nyumbani

Biashara ya beri huzungumzwa kana kwamba matunda ni ya watu wengine. Utafiti wa kitaifa wa STEPS wa mwaka 2015 ulionyesha kwamba asilimia 94 ya Wakenya watu wazima hawali kiasi cha matunda na mboga kinachopendekezwa. Shirika la Afya Duniani linapendekeza angalau gramu 400 kwa siku kwa kila mtu. Kipande cha papai asubuhi, pera moja mchana na sahani ya mboga jioni hufikisha kiasi hicho bila kwenda dukani.

Stroberi husifiwa kwa vitamini C, na ni kweli inayo. Lakini gramu kwa gramu, pera lina vitamini C nyingi kuliko stroberi, na papai halipungukiwi. Mzazi wa Siakago hapaswi kuona haya kwa kumpa mtoto pera badala ya kikasha cha matunda ya bei. Ikumbukwe pia kwamba mtindi mwingi wa rangi ya waridi madukani umetiwa ladha tu. Maandishi madogo kwenye kopo husema kama ndani mna tunda lenyewe.

Hatua za kufuata

Anayeamua kujaribu beri yoyote, ya ugenini au ya nyumbani, anashauriwa kufuata mpangilio huu.

1. Atafute mnunuzi kwanza. Atembelee hoteli, maduka na wachuuzi angalau watano, aulize wananunua kiasi gani, siku gani, kwa bei gani, na wanalipa lini.

2. Apime maji. Ahesabu mitungi ya siku moja wakati wa kiangazi, kisha azidishe kwa siku zote hadi mavuno ya kwanza.

3. Apime udongo. Maabara za KALRO hufanya kazi hiyo, na afisa wa kilimo wa wadi anaweza kueleza namna ya kuchukua sampuli.

4. Anunue miche kwa mwenye kitalu kilichosajiliwa, adai risiti yenye jina la aina, na aitunze. Miche inayouzwa barabarani bila karatasi inaweza kuleta ugonjwa usiotoka shambani kwa miaka.

5. Aanze kidogo, kwa pesa ambazo zikipotea nyumba haitalala njaa.

6. Aungane na wenzake. Wakulima kumi wenye tunda la aina moja na ubora mmoja wanaweza kujaza gari, kukodi chumba cha baridi na kukaa mezani na mnunuzi. Mmoja hukutana na dalali barabarani.

7. Aandike kila kitu kwenye daftari tangu siku ya kwanza. Bila daftari hakuna cheti, na bila hesabu hakuna anayejua kama alipata au alipoteza.

Kilimo ni jukumu lililogatuliwa kwa kaunti chini ya Katiba ya mwaka 2010, na huduma za ugani ni haki ya kila mkulima. Ofisi ya kilimo ya wadi ndiyo pa kuanzia, kabla ya pesa kutoka mfukoni.

Maswali ya kujadili kikundini

1. Taja beri tatu zinazokua tayari katika kijiji chenu. Ngapi kati yake huuzwa, na ngapi huoza chini ya mti?

2. Kwa nini avokado husafiri kwa meli lakini stroberi huhitaji ndege?

3. Peru na Dodoma zote ni kavu. Kila moja ilifanya nini tofauti, na ipi inafanana zaidi na uwezo wa kikundi chenu?

4. Rudieni hesabu ya kitalu cha mita 10 kwa 10, mkitumia bei halisi ya miche na ya mtungi wa maji mahali penu. Kikasha kimoja kinapaswa kuuzwa kwa shilingi ngapi ili gharama hizo zirudi?

5. Kikundi chenu kikipata mnunuzi anayetaka papai 200 kila wiki kwa miezi mitatu, nani atapanda lini ili hesabu hiyo isikatike?